Sekunde Mbili Kabla ya Abigael

Don Mills, Toronto
18 Mei 2026

Bi. Ummulbanin Gulamhussein,

Assalamu alaikum.

Mwangwi tangulizi ni sauti hafifu inayosikika kabla ya sauti iliyoizaa. Mwangwi wa ukutani hufuata. Huu hutangulia, na hupatikana katika utepe wa sumaku. Utepe unapozungushwa kwenye rili na kuwekwa rafuni, kila mzunguko hulalia mwenzake, na sauti iliyo kali katika mzunguko mmoja huacha alama katika mzunguko wa jirani. Kadiri utepe unavyokaa bila kuguswa, ndivyo alama inavyokolea. Atakayeucheza baadaye atamsikia mtu akinong'ona neno ambalo bado hajalitamka.

Nimeanza na maana ya istilahi hii kwa sababu ombi langu lote limeegemea juu yake. Jina langu ni Zaheer Alimohamed, mzaliwa wa Mwanza. Kazi yangu, hadi nilipostaafu, ilikuwa kuhifadhi rekodi za sauti katika maktaba ya chuo kikuu hapa mjini. Sasa kampuni moja ya muziki imeniomba niandike historia ya wimbo "Taa ya Kapuskasing", ambao mwaka huu unatimiza miaka hamsini na utatolewa upya.

Hata kama hulijui jina lake, wimbo wenyewe umeusikia. Ni roki ya kantri iliyorekodiwa hapa Toronto. Hupigwa katika mapumziko ya mechi za hoki, madukani, na katika vituo vya petroli kandokando ya barabara ya 401. Mwanamke huanza peke yake, bila chombo chochote: "Usizime taa, niko njiani." Ndipo magitaa huingia. Huyo ni Abigael, aliyekuwa kiongozi wa bendi.

Sekunde mbili kabla ya Abigael, kuna mtu mwingine. Wasikilizaji wamekuwa wakimwita mzimu tangu sahani ya santuri ilipotoka. Wapo waliosema ni dereva wa lori aliyefia kwenye theluji ya kaskazini. Mimi siamini mizimu, na nilikuwa na hakika kwamba huu ni mwangwi tangulizi wa Abigael mwenyewe. Lakini mwangwi hufanana na mzazi wake, na hii ni sauti ya mwanamume.

Maelezo ninayoyaona ni haya tu. Mwanamume aliimba mahali pale kwanza. Utepe ukakaa muda mrefu. Kisha sauti yake ikafutwa, na ya Abigael ikarekodiwa juu yake. Sauti yenyewe iliondoka. Alama yake ikabaki kwa jirani. Nilimpigia simu Abigael na kumuuliza ni nani. Alisema, "Haider Gulamhussein. Yeye ndiye aliyetunza tepu zetu," kisha akakata.

Kampuni inakusudia kuusafisha mnong'ono huo, kwa kuwa inauona kuwa ni dosari. Nimeambiwa kwamba wewe ni dada yake Haider. Je, aliimba?

Wako kwa heshima,
Zaheer Alimohamed


Pickering
29 Mei 2026

Bwana Alimohamed,

Waalaikum salaam. Barua yako ilinifikia ikiwa imekwisha kufunguliwa na mjukuu wangu Laiba, ambaye huelewa kila neno ninalosema na hunijibu kwa Kiingereza. Kuisoma hakuweza, aliniuliza kama ni ya mchumba. Endelea basi kuandika kwa Kiswahili. Wala usinipigie simu: kaka yangu anaishi nami, na kengele humshtua. Tangu alipopatwa na kiharusi hajatamka neno. Husikia vizuri, na macho yake hufuata kila kitu.

Kaka yangu hakuimba. Tulipotoka Tanga alipata kazi katika ghala la vifaa vya umeme, kisha akaendesha lori la magodoro mpaka akastaafu. Baba yetu, Mzee Mohamedali, alikuwa msomaji wa nauha, maombolezo ya Imam Hussein, na alipoanza kusoma hata wanaume waliokuja kwa ajili ya biriani walilia. Nyumba kama hiyo haitoi waimbaji wa baa. Ninyi Waismailia wa jamatkhana mmezoea kudhani kwamba sisi Waithnaashari wa msikitini kila mmoja ana jambo alilolificha chini ya godoro.

Wimbo huo naujua. Haider aliuchukia. Ulipoanza redioni, aliuzima mara tu mwanamke yule alipofungua kinywa. Garini, jikoni, hata dukani kwa Khairunissa shemeji yetu, alinyoosha mkono juu ya mizani na kuizima redio ya mwenye duka. Khairunissa alimwambia, "Haiderbhai, siku utakayonunua redio yako mwenyewe utaniacha nisikie wimbo mmoja hadi mwisho?" Haider alicheka, lakini hakuiwasha tena.

Hilo ndilo jibu langu. Nina swali moja tu, na usilipe uzito. Huyo mtu wako, anapofika mwisho wa mstari, sauti anaishusha au anaiacha juu?

Ummulbanin Gulamhussein


Don Mills
12 Juni 2026

Bi. Ummulbanin,

Anaiacha juu. Abigael huishusha, kama wafanyavyo waimbaji wote wa kantri ninaowajua. Yeye huiacha juu na kuitikisa kidogo, kama mtu anayengoja umati umjibu.

Nadhani swali lako lilikuwa jibu. Sitakuuliza zaidi ya hapo. Hata hivyo, ni wajibu wangu kukueleza nilichokipata, kwa kuwa kinamhusu ndugu yako na hakimpendezi mtu.

Kila mtunza tepu hufundishwa kanuni moja kabla ya nyingine zote: utepe huhifadhiwa mkia nje, maana yake mwisho wa wimbo ukiwa juu ya rili. Ukikaa hivyo, mwangwi ulio mkali huangukia nyuma ya sauti na kufunikwa na muziki wenyewe. Ukihifadhiwa kichwa nje, mwangwi mkali hutangulia na kusikika peke yake katika ukimya. Sasa, mwangwi wa Abigael katika utepe huu unafuata, kama ipasavyo. Wa Haider unatangulia. Kwa hiyo, katika muda wote uliopita kati ya kuimba kwake na kufutwa kwake, utepe ulikaa kinyume cha kanuni, na alama ilivyokolea yaonyesha kwamba muda huo haukuwa mfupi.

Nimelazimika kuhitimisha hivi. Kijana mgeni aliimba wimbo ambao pengine aliutunga. Akaondolewa. Utepe wake ukatupwa rafuni na mtu asiyejali, na baada ya wiki nyingi sauti yake ikafutwa ili sura inayouzika zaidi ichukue nafasi yake. Si kisa kigeni katika historia ya muziki wa nchi hii.

Kampuni imekubali jambo moja: ndugu wa damu akiridhia, sekunde zile mbili zitaachwa, na jina la Haider litaandikwa kwenye jalada. Uamuzi wahitajika kabla ya tarehe 10 Julai. Nisipopata neno lako kufikia siku hiyo, nitaelewa kwamba familia haitaki, nami sitawasumbua tena.

Ndani ya bahasha hii kuna diski. Nimeitenga sauti yake na kuikuza kadiri ilivyowezekana.

Wako kwa heshima,
Zaheer Alimohamed


Don Mills
13 Julai 2026

Bi. Ummulbanin,

Tarehe imepita. Nimeuheshimu ukimya wako na kuiarifu kampuni kwamba familia haikuridhia. Fundi alifanya kazi yake leo asubuhi mbele yangu. Nilisikiliza mwanzo wa wimbo mara kadhaa. Hakuna kitu pale sasa, na sikutazamia kwamba utupu huo ungenisumbua.

Zaheer Alimohamed


Pickering
24 Agosti 2026

Zaheerbhai,

Wewe ni msomi na umezaliwa Mwanza. Utasema hukupata kusikia kwamba majirani zako wa msikitini wana kalenda?

Tangu Muharram inapoandama hadi tarehe nane ya Rabi-ul-awwal, miezi miwili na siku nane, nyumba yetu haisikilizi muziki. Hatufanyi harusi, hatuvai rangi, redio hufunikwa kitambaa. Barua yako ya Juni ilifika mwezi ukiwa umekwisha kuandama. Niliipapasa bahasha, nikahisi diski, nikaiweka kabatini bila kuifungua, pamoja na sufuria za harusi. Iliyofuata niliutambua mwandiko, nikaiweka juu ya mwenzake. Sikuwa nimenyamaza. Nilikuwa katika msiba.

Ninyi mkisikia Muharram mnahesabu siku kumi, kisha mnaona tumemaliza. Jana nimefungua barua zote mbili, moja baada ya nyingine, na nilipoisoma ya pili nilikaa chini palepale kwenye sakafu ya jikoni. Laiba alikuja mbio. Nikamwambia ni goti.

Sasa nitakuambia, na utanisikia hadi mwisho.

Ghala la vifaa vya umeme lilikuwa studio. Mimi nilijua, Baba hakujua. Haider alianza kwa kufagia vyumba, wakamfundisha kutunza tepu, akawa mjuzi wa kazi hiyo. Wimbo aliutunga yeye. Mama alikuwa akituwashia taa ya ngazini tulipokuwa tukipanga Kingsview Village, ghorofa ya juu, na lifti ilikuwa imekufa. "Usizime taa, niko njiani" ni maneno ambayo Haider alikuwa akimpigia Mama kelele kutoka chini. Hakuna Kapuskasing yoyote. Kapuskasing ni mji wa kwao Abigael.

Majira ya baridi yale alipoimba, mwezi wa Muharram ukaandama. Aliwaambia bendi, "Nitarudi Muharram ikiisha." Mwaka huo Baba alikuwa mgonjwa wa mapafu, na Haider alisoma nauha badala yake, kwa mara ya kwanza, katika ukumbi wa shule tuliokuwa tukiukodi. Upande wa wanawake walifikiri Baba amepona. Bi mmoja aliniuliza kwa kunong'ona, "Huyo ni babako?" Nikasema, "Ni huyu wetu anayefagia." Alisoma msimu wote, hadi siku ya nane ya Rabi-ul-awwal.

Kwa hiyo hakufukuzwa na mtu. Wale walihesabu siku kumi kama ulivyohesabu wewe, wakangoja kidogo, wakachoka, wakamfuta. Kosa lilelile, mara mbili, kwa mtu yuleyule. Wao walikuwa wageni wa dini yetu. Wewe huna udhuru huo.

Jana baada ya adhuhuri nilimwekea diski. Alikuwa kwenye kiti chake dirishani. Sauti ilipotoka hakushtuka, hakugeuka. Aliinua mkono wa kushoto, ule unaomtii, akauweka kifuani, akaanza kujipiga polepole, kama tupigavyo kifua wakati wa nauha. Lakini hayakuwa mapigo ya nauha yoyote niijuayo. Yalikuwa mapigo ya wimbo ule. Diski ilipokwisha aliendelea, ubeti mzima, akifuata kitu ambacho mimi sikukisikia. Alipofika mwisho alisimamisha mkono hewani na kuuacha juu.

Nikaenda chumbani kwake kuitafuta sahani. Nilijua anayo, nilidhani aliiweka kwa uchungu. Zaheerbhai, sahani ile imechakaa mwanzoni tu. Ukiitazama kwenye mwanga, mifereji ya kwanza imekuwa ya kijivu kwa sindano, na kwingine kote inang'aa kama siku iliponunuliwa. Miaka yote nilidhani anauzima wimbo kwa kuuchukia. Alikuwa amekwisha kuusikia. Alingoja zile sekunde mbili, na mwanamke yule alipofungua kinywa, kilichobaki hakikuwa chake.

Ndiyo jibu. Naridhia. Rudisha sauti ya kaka yangu mahali ulipoitoa, na jina lake liandikwe. Hana sauti nyingine.

Ummulbanin


Don Mills
7 Septemba 2026

Dada Ummulbanin,

Sina utetezi. Nilidhani ni siku kumi. Miaka yangu yote nimewafundisha vijana kwamba ukimya katika utepe si kitu kitupu, kwamba lazima mtu aulize ulitokana na nini. Na ukimya wa kwanza nilioletewa kwa jina langu niliusoma kama neno hapana.

Nimekwenda kwenye kampuni. Sahani hazijaanza kuchapwa, na sekunde mbili nilizozitoa ninazo, zaweza kurudishwa. Kiwanda kitasubiri hadi mwisho wa mwezi. Nilikuwa tayari kuamuru zirudishwe siku ileile, bila kukuandikia. Kilichonizuia ni tabia yangu ya kutomalizia hoja kabla ya kumsikia shahidi wa mwisho.

Nilikwenda kwa Abigael, safari hii mimi mwenyewe. Anaishi Brampton kwa mwanawe, chumba cha chini, na amezeeka vizuri. Nilimweleza ulivyonieleza: miezi miwili na siku nane, na jinsi walivyochoka kumngoja. Aliniacha nimalize. Kisha akaweka kikombe chini kwa nguvu, chai ikamwagika.

"Nani kakuambia hatukumngoja?" alisema. "Tulimngoja. Mpiga ngoma aliniita mpumbavu, mwenye studio alitishia kutufungia mlango. Nikawaambia, Haider kasema atarudi, Haider atarudi. Na alirudi!"

Alirudi, Dada Ummulbanin. Alikuja siku moja ya mwezi Machi, shati jeusi, ndevu, amekauka sauti. Abigael alimwambia waurudie mstari wa kwanza pamoja ili waone kama koo limepona. Haider akatikisa kichwa. Akamwambia, "Imba wewe." Akaketi mwenyewe kwenye mashine ya kurekodi.

"Nilimwambia aniweke kwenye njia nyingine ya utepe, kando ya sauti yake," Abigael alisema. "Ilikuwepo njia tupu. Nikasema, yako iache ikae, labda tutaitaka. Akasema, 'Hapana. Juu ya yangu.' Akabonyeza kitufe chekundu kwa kidole chake. Nikaimba huku nikimwona kupitia kioo cha chumba cha mashine. Hakulia, kama ndivyo unavyotaka kuandika. Alikuwa ameweka mkono kifuani."

Nilimuuliza mbona alinikatia simu mara ya kwanza. Akasema, "Kwa sababu uliniuliza kama mtu anayetafuta mwizi."

Kwa hiyo nafuta hitimisho langu, na kwa heshima nafuta na lako. Hakufukuzwa, wala hakusahauliwa. Alijifuta. Sababu ya kufanya hivyo naweza kuikisia, na wewe waweza kuikisia vizuri zaidi: mtu aliyetoka kusoma nauha msimu mzima kwa koo la baba yake pengine aliona kwamba koo hilo halina ruhusa tena ya kwenda kwingine. Kama ndivyo, basi hili lilikuwa tendo lake la hiari, na kuirudisha sauti ni kuvunja alichokusudia. Ningeishia hapo, na ningekushauri tuuache mwanzo wa wimbo ukiwa mtupu.

Lakini limebaki jambo moja, na hili sipati mahali pa kuliweka. Niliandika kwamba utepe ulitupwa rafuni na mtu asiyejali. Nimemuuliza Abigael ni nani aliyeuhifadhi siku ile kabla ya Muharram. Aliniangalia kana kwamba nimechanganyikiwa. "Haider. Nani mwingine? Hakuruhusu mtu aziguse." Nimesikiliza tepu nyingine zote za bendi alizozitunza yeye. Zote, bila hata moja kukosewa, zilikaa mkia nje. Ni huu tu aliouzungusha kichwa nje, akaulaza, akauacha bila kuguswa kwa muda wote wa msiba, mpaka mnong'ono wake ukakolea mahali ambapo kitufe chekundu hakingefika.

Yawezekana alikuwa na haraka. Mwezi ulikuwa umeandama, baba yenu alikuwa mgonjwa, na majlisi ya maombolezo ilikuwa ikimngoja. Watu wenye haraka hukosea hata katika mambo wanayoyajua kuliko yote. Yawezekana pia kwamba siku ile, akiwa bado hajasoma hata ubeti mmoja wa nauha, alikwisha kujua atakachokuja kukifanya Machi, na akajitengea sekunde mbili za kubakia ndani. Ushahidi nilio nao unazikubali dhana zote mbili kwa usawa. Naye aliye na jibu anaketi dirishani kwako, na hana neno la kunipa.

Sahani yake imechakaa mwanzoni tu. Hilo lako nimelifikiria sana. Huenda mtu hujutia alichokifuta. Huenda pia huja tu kuhakikisha kwamba alichokificha bado kipo.

Sikuwekei tarehe. Mwisho wa mwezi ukifika nami sijapata barua yako, nitakuja Pickering na kubisha hodi. Kamwe sitauhesabu tena ukimya wa nyumba yenu kuwa jibu. Mpaka hapo naomba ulifikirie swali hili pamoja nami, kwa kuwa peke yangu nimelishindwa: ikiwa kuna Haider aliyebonyeza kitufe, na kuna Haider aliyeuzungusha utepe, sisi wawili tumtii yupi?

Ndugu yako,
Zaheer